Marie Curie: Mwanamama aliyetafuta chembe moja katika tani za mawe

NDUGU msomaji, kama umewahi kununua dagaa wa Ziwa Tanganyika kwa kilo, unajua kuwa si kila kilo unayolipia ni dagaa. Wale waliokaushwa juu ya mchanga huja na mchanga wao, na mnunuzi mzoefu hutia mkono ndani ya gunia, hupepeta kidogo, ndipo anapoanza kuulizia bei. Kwa asali kazi ni ngumu zaidi, kwa sababu sukari iliyochemshwa ikishaingia humo haionekani kwa macho. Na maziwa yaliyoongezwa maji hubaki meupe vilevile mpaka yatiwe kipimo.

Wanakemia wana majina ya mambo haya. Gunia la dagaa na mchanga ni mchanganyiko ambao sehemu zake zinaonekana. Maji ya chumvi nayo ni mchanganyiko, ila umelingana kila mahali, tone la juu ni sawa na tone la chini. Vyote viwili vinaweza kutenganishwa bila kuvunja kitu, kwa kupepeta, kuchuja au kuchemsha. Chumvi yenyewe ni jambo jingine. Hiyo ni dutu safi, kampaundi, ambamo sodiamu na klorini zimeungana kwa kipimo kisichobadilika, iwe imetoka Uvinza au baharini. Na mwisho kabisa kuna elementi, kama dhahabu na shaba, ambazo hakuna dawa wala moto wa kemia unaoweza kuzigawa zikawa vitu vingine.

Vitabu vya shule hueleza hayo kwa ukurasa mmoja, na mwanafunzi huukariri kwa ajili ya mtihani. Leo napenda kueleza habari za mtu ambaye ukurasa huo mmoja ulimchukua miaka 12 ya maisha yake, na ambaye jina lake wengi tunalijua bila kujua hasa alifanya nini.

Jina la kuzaliwa ni Maria Skłodowska. Alizaliwa tarehe 7 Novemba 1867 mjini Warsaw, mtoto wa mwisho kati ya watano. Wakati huo nchi yake, Polandi, haikuwapo kwenye ramani. Ilikuwa imegawanywa na madola matatu jirani, Urusi, Prussia na Austria, na Warsaw ilikuwa fungu la Urusi. Baba yake, mzee Władysław, alikuwa mwalimu wa hesabu na fizikia. Wakubwa wa Kirusi walipoondoa mafunzo ya maabara katika shule za Wapolandi, mzee huyo alivichukua baadhi ya vifaa akavipeleka nyumbani kwake, na hivyo binti akakua akivitazama vioo na mizani nyuma ya mlango wa kabati. Mama yake aliwahi kuendesha shule ya bweni ya wasichana, na baadaye akaugua kifua kikuu. Alifariki mwaka 1878, Maria akiwa na umri wa miaka 10, na kabla yake dada mkubwa wa Maria alikuwa ametangulia kwa homa ya tifasi.

Shuleni masomo yalikuwa kwa Kirusi. Historia na lugha ya Kipolandi vilifundishwa kwa siri, na mkaguzi alipokaribia vitabu vilifichwa, kisha Maria, kwa kuwa ndiye aliyekuwa mbele ya wenzake, akasimamishwa kujibu maswali kwa Kirusi safi ili darasa lote lipone. Sisi tuliosoma uhamishoni tulifundishwa kwa lugha ya waliotupokea, na wengi wetu tuliipenda ikawa yetu, ndiyo hii ninayoiandikia. Yeye alifundishwa kwa lugha ya waliomtawala, tena ndani ya mji wake mwenyewe. Hayo si mambo yanayofanana.

Alimaliza shule mwaka 1883 na medali ya dhahabu. Chuo kikuu cha Warsaw hakikuwapokea wanawake. Akaingia katika chuo cha siri ambacho Wapolandi walikiita Chuo Kinachoruka, kwa sababu kilihama nyumba hadi nyumba kukwepa polisi. Halafu akafunga mkataba na dada yake Bronia: Maria atafanya kazi ya kufundisha watoto katika nyumba za matajiri na kumtumia Bronia fedha asome udaktari Paris, na Bronia akishamaliza naye atamvuta mdogo wake. Familia nyingi za kwetu zinaujua mkataba wa namna hiyo, na zinajua pia ni mara ngapi anayetangulia humsahau aliyebaki. Bronia hakusahau.

Kwa miaka kadhaa Maria alikuwa yaya na mwalimu wa nyumbani huko mashambani. Jioni aliwafundisha watoto wa wakulima kusoma Kipolandi, jambo ambalo lingeweza kumfikisha mahakamani. Akapendana na kijana mkubwa wa nyumba ile, lakini wazazi wakakataa mtoto wao kuoa mtumishi. Alivumilia akaendelea kukaa palepale, kwa kuwa mshahara ulihitajika Paris.

Mwishoni mwa mwaka 1891, akikaribia kutimiza miaka 24, alipanda treni. Katika chuo kikuu cha Sorbonne alijiandikisha kwa jina la Kifaransa, Marie. Mwaka 1893 alipata shahada ya fizikia akiwa wa kwanza, na mwaka uliofuata shahada ya hesabu akiwa wa pili. Mwaka 1894 alirudi nyumbani akitafuta kazi chuoni Kraków. Akakataliwa kwa kuwa ni mwanamke. Ndipo akarudi Ufaransa, na tarehe 26 Julai 1895 akaolewa na mwanafizikia Pierre Curie.

Sasa tufike kwenye kazi yenyewe.

Mwaka 1896 Mfaransa Henri Becquerel aligundua kuwa madini ya urani hutoa miali isiyoonekana, inayopenya karatasi nyeusi na kuacha alama kwenye bamba la picha, bila kuchomwa na jua wala moto. Wengi hawakulijali jambo hilo. Marie alilichukua kuwa somo la shahada yake ya udaktari, miezi michache baada ya kujifungua binti yake wa kwanza, Irène, mwaka 1897. Alipewa chumba cha stoo chenye unyevunyevu katika shule alikofundisha mumewe. Februari 1898 aliandika kwenye daftari lake kuwa joto la chumba ni digrii 6.25, na baada ya tarakimu hiyo akaweka mstari mzima wa alama za mshangao.

Silaha yake ilikuwa kipimo cha umeme, elektrometa, ambacho Pierre na kaka yake Jacques walikuwa wamekitengeneza miaka ya nyuma. Miali ya urani hufanya hewa ipitishe umeme kidogo sana, na kipimo hicho kiliweza kuupima. Wengine walitazama picha, yeye akahesabu. Akaona kuwa nguvu ya miali hufuata kiasi cha urani kilichomo tu. Iwe unga au donge, iwe mbichi au kavu, iwe imeungana na kitu gani, hesabu ni ileile. Akaona pia kuwa elementi nyingine, toriamu, hutoa miali ya aina hiyo. Maana yake ni kwamba miali haitokani na namna vitu vilivyoungana, inatoka ndani ya atomi yenyewe.

Kisha akaazima mawe ya aina mbalimbali akayapima moja baada ya jingine. Hapo hesabu ikagoma. Jiwe zito jeusi liitwalo pichiblendi, ambalo ndilo lilikuwa chanzo cha urani, lilitoa miali mara nne kuliko urani yenyewe. Jiwe jingine, kalkoliti, lilizidi mara mbili. Fikiria umepakia kilo 50 za mchele mwenyewe, gunia likapandishwa kwenye mizani likaonyesha kilo 200. Ama mizani ni mbovu, ama kuna kitu ndani ya gunia ambacho hukukitia wewe.

Alirudia vipimo, mizani haikuwa mbovu. Halafu akafanya jambo ambalo mimi hulipenda kuliko yote katika habari zake, ingawa filamu na vitabu vya watoto hulipita haraka. Alitengeneza kalkoliti yake mwenyewe maabarani, kwa dawa safi, kwa vipimo vilevile vya jiwe la asili. Kikemia vitu hivyo viwili vilikuwa kitu kimoja. Akavipima. Kalkoliti ya maabarani ilitoa miali kadiri tu ya urani iliyotiwa. Ile ya mgodini ikazidi mno. Basi ndani ya jiwe la asili kulikuwa na mgeni, kwa kiasi kidogo mno ambacho hakuna aliyewahi kukiona.

Pierre akaacha utafiti wake akaungana naye. Waliliyeyusha jiwe kwa asidi na kulitenga mafungu kwa njia ambazo kila mwanakemia alizijua, na kila fungu likapitishwa kwenye elektrometa. Miali ilijikusanya sehemu mbili: pamoja na bismathi, na pamoja na bariamu. Kwa hiyo wageni walikuwa wawili. Julai 1898 walitangaza wa kwanza, wakampa jina poloniamu kwa heshima ya nchi iliyokuwa haipo kwenye ramani. Tarehe 26 Desemba mwaka huohuo, wakishirikiana na Gustave Bémont, wakatangaza wa pili, radiamu.

Wengi huishia hapo na kupiga makofi. Wanakemia wa wakati ule hawakupiga. Kwao elementi haikuwa elementi mpaka iwe safi kwenye chupa na uzani wa atomi yake ujulikane. Eugène Demarçay, bingwa wa kuchunguza mistari ya mwanga, alikuwa ameuona katika sampuli mstari usiojulikana, na huo ulikuwa ushahidi mzuri. Lakini sampuli yenyewe ilikuwa bado ni bariamu iliyochanganyika na kitu kidogo. Marie hakuwalaumu waliotilia shaka. Aliona kuwa wana haki, na akaamua kukitoa kitu hicho nje wakione.

Pichiblendi ilikuwa ghali. Lakini huko Joachimsthal, Bohemia, chini ya Austria wakati huo, kiwanda kilitoa urani kwa ajili ya kutia rangi vioo, na makapi yalitupwa msituni. Hesabu ilikuwa wazi: kama urani imeondolewa, hao wageni wawili wamebaki kwenye makapi. Serikali ya Austria ikawapa tani moja, na baadaye wakapata nyingine. Magunia yalifika Paris yakiwa na vumbi la kahawia lililochanganyika na majani ya misonobari.

Kazi ilifanyika katika banda lililokuwa zamani chumba cha kupasulia maiti cha wanafunzi wa udaktari. Paa la kioo lilivuja, na hapakuwa na bomba la kutolea moshi, hivyo vyungu vyenye mvuke mbaya vilikorogwa uani. Marie alichukua hadi kilo 20 kwa mpigo, akikoroga kwa chuma kirefu karibu sawa na urefu wake. Haki itendeke hapa: sehemu ya kwanza, ile nzito, baadaye ilifanyiwa kiwandani chini ya msaidizi wao André Debierne, na si kweli kwamba kila gunia lilipita mikononi mwa mwanamama huyu. Sehemu iliyofuata ndiyo iliyokuwa yake, na ndiyo ngumu.

Kutoka tani moja ya makapi zilibaki kama kilo 8 za kloridi ya bariamu yenye radiamu ndani yake, yenye miali mara 60 ya urani. Bariamu na radiamu ni za ukoo mmoja. Dawa inayoishika moja huishika na nyingine, kwa hiyo hakuna namna ya kumwaga asidi fulani moja ikazama na nyingine ikabaki. Tofauti iliyopatikana ni ndogo: kloridi ya radiamu huyeyuka katika maji kwa shida kidogo kuliko kloridi ya bariamu.

Wanaoijua Uvinza wanajua jinsi maji ya chumvi yanavyochemshwa mpaka punje zinaanza kujitokeza. Sasa chukulia kuwa katika maji hayo kuna chumvi za aina mbili, na moja hutangulia kidogo kuganda. Punje za kwanza zitakuwa na nyingi ya ile inayotangulia, lakini nyingine nayo itakuwamo. Unaziokota, unaziyeyusha tena katika maji safi, unachemsha, unaacha zigande, unaokota tena za kwanza. Kila mara unasogea hatua moja ndogo. Maji yaliyobaki nayo hayamwagwi, yanarudishwa nyuma kuchanganywa na fungu linalolingana nayo. Hivyo mezani kulikuwa na safu ya vibakuli, kila kimoja tajiri kidogo kuliko jirani yake, na vumbi la banda na masizi vikiingia vilikuwa vinaharibu kazi ya wiki nzima. Elektrometa iliuambia mkono uelekee wapi. Usiku wao wawili walirudi bandani kutazama mirija iking'aa gizani.

Mwaka 1902, baada ya miaka karibu minne, alikuwa na gramu 0.1 ya kloridi ya radiamu. Sehemu moja ya kumi ya gramu, chini ya punje chache za mchele. Akaupima uzani wa atomi akapata 225. Leo tunajua ni 226.

Sisi tuliosomeshwa kemia kwa ubao na chaki, katika shule isiyokuwa na hata birika la kuchemshia, tulikariri kuwa kuna njia za kutenganisha michanganyiko: kuchuja, kukeneka, kuganda kwa fuwele. Hatukuelezwa kuwa njia hizo zina bei, na kwamba kazi inaweza kuwa nyepesi asubuhi na kuwa ya miaka minne ifikapo jioni.

Mwaka 1903 alipata udaktari, na mwisho wa mwaka huo Tuzo ya Nobel ya fizikia iligawanywa kati ya Becquerel na mume na mke hao. Mwanzoni jina la Marie halikuwamo katika mpango. Mwanahesabu mmoja wa Uswidi, Gösta Mittag-Leffler, alimdokeza Pierre, naye Pierre akaandika kudai mkewe ahesabiwe.

Wakati huo radiamu ilianza kuwa biashara, kwa kuwa ilionekana inaunguza uvimbe wa saratani. Wenye viwanda waliandika kuomba maelezo ya namna ya kuitenga. Mume na mke walikaa wakajadili kama wasajili hakimiliki au watoe siri bure, na wakaitoa bure. Mfanyabiashara anaweza kuguna hapa, na mimi simlaumu. Bei ya gramu moja ilipanda baadaye mpaka zaidi ya dola 100,000 za Marekani, na mgunduzi hakuwa na uwezo wa kuinunua.

Tarehe 19 Aprili 1906 Pierre aliteleza katika mtaa wa Rue Dauphine siku ya mvua, na gari zito la farasi likampitia kichwani. Alikuwa na miaka 46. Marie alibaki na mabinti wawili, mdogo, Ève, akiwa bado hajafikisha miaka miwili. Chuo kikampa nafasi ya kufundisha ya marehemu mumewe. Novemba mwaka huo alisimama mbele ya ukumbi uliojaa watu waliokuja kuona mjane akilia, akaanza somo pale Pierre alipokuwa ameachia. Alikuwa mwanamke wa kwanza kufundisha Sorbonne.

Mwaka huohuo akapata mpinzani mzito. Lord Kelvin wa Uingereza, mzee aliyeheshimiwa kuliko wote katika fizikia, aliandika gazetini kuwa huenda radiamu si elementi bali ni kampaundi ya risasi na heliamu. Tusimcheke mzee yule. Kilichotengwa mpaka hapo kilikuwa kloridi, si metali, na radiamu ilionekana kweli ikitoa heliamu. Leo tunaelewa kwa nini: atomi ya radiamu huvunjika yenyewe, hutoa heliamu, hugeuka gesi ya radoni, na baada ya hatua nyingi huishia kuwa risasi. Hii ndiyo ajabu ya kitu alichokisafisha kwa miaka yote hiyo. Kikishafungwa kwenye mrija kikiwa safi, kinaanza saa hiyohiyo kujichanganya chenyewe.

Kumjibu Kelvin kulitaka metali. Marie na Debierne walipitisha umeme katika myeyusho wa kloridi juu ya zebaki, radiamu ikaingia ndani ya zebaki, kisha wakaifukuza zebaki kwa moto katika hewa ya haidrojeni. Wachimbaji wadogo wa dhahabu wanaijua njia hiyo ya zebaki. Ilikuwa mwaka 1910. Kilichobaki ni metali nyeupe ing'aayo, ambayo ilipoguswa na hewa iligeuka nyeusi papo hapo. Kelvin alikuwa amefariki mwaka 1907 na hakuiona.

Mwaka 1911 alitayarisha pia kipimo cha kimataifa: miligramu 21.99 za kloridi safi ya radiamu ndani ya mrija wa kioo uliofungwa, ambao uliwekwa Sèvres, karibu na Paris, zinakotunzwa mita na kilo za mfano. Tangu hapo hospitali au kiwanda kilichodai kuuza miligramu fulani za radiamu kiliweza kupimwa kwa mfano mmoja. Nadhani wasomaji wanaojua mawe ya mizani yaliyochongwa chini wataona uzito wa jambo hilo kuliko maprofesa wengi.

Ni mwaka huohuo Ufaransa ilipomgeuka. Januari 1911 alikosa kiti katika Chuo cha Sayansi kwa kura chache mno. Novemba magazeti yalitoboa uhusiano wake na mwanafizikia Paul Langevin, mume wa mtu, na watu wakakusanyika nje ya nyumba yake wakimpigia kelele. Ghafla hakuwa tena fahari ya Ufaransa. Alikuwa mgeni, Mpolandi, mvunja nyumba. Katikati ya zogo hilo alipewa Tuzo ya Nobel ya pili, safari hii ya kemia, na mjumbe mmoja wa Uswidi akamshauri asije kuipokea. Alijibu kuwa tuzo ni ya kazi na wala si ya maisha ya nyumbani, akasafiri akaipokea. Langevin kwa upande wake hakuitwa mgeni na hakuna aliyemtaka aondoke. Kwa wanaorejea makwao na wale waliobaki ugenini, nadhani hakuna la kuongeza.

Vita vya 1914 vilipoanza alipakia radiamu yote ya maabara katika sanduku la risasi, akapanda nayo treni hadi Bordeaux kuiweka mbali na Wajerumani, kisha akarudi Paris. Halafu akakusanya magari, akayafunga mashine za eksirei na kuyapeleka karibu na uwanja wa vita ili madaktari waone risasi za bunduki zilipokwama ndani ya miili ya askari. Magari yalikuwa kama 20, na vyumba vya kudumu vilikuwa 200. Irène, mwenye umri wa miaka 17, alifanya kazi pamoja naye. Kinga ilikuwa hafifu sana.

Mwaka 1921 wanawake wa Marekani, wakiongozwa na mwandishi wa habari Marie Meloney, walichanga dola 100,000 wakamnunulia gramu moja ya radiamu, iliyotengwa kutoka mamia ya tani za mawe ya Colorado. Tarehe 20 Mei Rais Warren Harding alimkabidhi ufunguo wa sanduku lake. Usiku uliotangulia Marie alikuwa ameisoma hati ya zawadi akaona imeandikwa kwa jina lake. Akataka mwanasheria aitwe saa hiyohiyo aibadilishe iwe mali ya maabara, kwa hofu kwamba akifa usiku ule gramu ile ingekuwa urithi wa mabinti zake.

Mwaka uliofuata bei ya dunia ikabadilishwa na jiwe la huku kwetu. Shinkolobwe, katika Katanga, Mwingereza Robert Sharp alikuwa amekuta mwaka 1915 pichiblendi tajiri kuliko zote zilizojulikana. Kampuni ya Kibelgiji ya Union Minière ilisafirisha mawe hayo mpaka Ubelgiji, na mwaka 1922 kiwanda cha Oolen kikaanza kutoa radiamu. Migodi ya Marekani haikuweza kushindana ikafungwa. Gramu ya pili ambayo Wamarekani walimchangia Marie mwaka 1929, kwa ajili ya Warsaw, iligharimu dola 50,000 na ilinunuliwa Ubelgiji. Kwa hiyo radiamu iliyowatibu wagonjwa wa Polandi ilitoka kwenye ardhi ambayo wachimbaji wake walizungumza Kiswahili cha Katanga. Hao hakuna aliyewapima damu. Mgodi huohuo ndio baadaye uliotoa sehemu kubwa ya urani ya bomu la Hiroshima la mwaka 1945.

Taasisi ya Radiamu ya Warsaw ilifunguliwa Mei 1932, dada yake Bronia akiwa mkurugenzi. Polandi ilikuwa imerudi kwenye ramani tangu mwaka 1918, na Marie alikuja kwenye sherehe. Vidole vyake vilikuwa vimeungua, macho yalikuwa yamepasuliwa mtoto wa jicho mara kadhaa. Kwa miaka mingi alikuwa amekataa kuamini kwamba radiamu ndiyo inayomla, hata pale wasichana waliopaka rangi ya radiamu kwenye saa huko Marekani walipoanza kufa. Mtu aliyepima kila kitu hakutaka kupima hilo. Alifariki tarehe 4 Julai 1934 katika sanatoria ya Sancellemoz, kwenye milima ya Alps, kwa upungufu wa damu uliotokana na uboho kushindwa kazi. Alizikwa Sceaux pamoja na Pierre.

Mwaka 1995 mabaki yao yalihamishiwa Panthéon, Paris, wanakolazwa watu wakuu wa Ufaransa. Wataalamu waliofungua kaburi walikuta jeneza lake lina tabaka la risasi. Walipima, na kwa kuwa radiamu huchukua miaka 1,600 kupungua nusu, iliyokuwa mwilini mwake ingekuwa bado karibu yote ipo. Walikuta kidogo. Wakaona kuwa huenda kilichomuua zaidi ni eksirei za wakati wa vita. Madaftari yake ya banda lile yamo katika Maktaba ya Taifa ya Ufaransa, ndani ya masanduku ya risasi, na anayetaka kuyasoma huweka saini kwanza kwamba ameielewa hatari yake.